Nani hasa anaidharau mahakama?

  

Ndugu yangu Muislamu, leo nataka tunasihiane kwa jambo lililotokea huku kwetu Temeke, jambo ambalo limeninyima usingizi kwa wiki kadhaa. Sitataja jina la taasisi wala la mtu. Lengo si kuumbuana. Isitoshe, mimi mwenyewe ni mmoja wa waliokosea, na anayeandika dhambi yake hana haki ya kuwaanika wenzake.

Mimi ni mjumbe wa bodi ya shule moja ya Kiislamu. Shule ilianza kama madrasa ya mikeka, ikakua, ikapata madarasa ya matofali na watoto wa kutosha. Alikuwapo maalim mmoja aliyetufundishia kwa miaka tisa. Asubuhi alikuwa darasani, jioni madrasa, na mwezi wa Ramadhani alitusalisha tarawehe. Ada zilipopungua, mishahara ikaanza kuchelewa. Ukapita mwezi, ikapita miwili, hatimaye ikafika saba. Maalim aliuliza mara ya kwanza akaambiwa avute subira. Mara ya pili akaambiwa anaharibu kazi ya dini kwa kupenda dunia. Mara ya tatu akaandikiwa barua ya kuachishwa kazi. Hakuitwa kujieleza wala hakuonyeshwa kosa lake.

Maalim akaenda kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Bodi ikaitwa kwenye usuluhishi, mara ya kwanza hatukutokea. Baadaye tukatuma mtu asiye na maelezo ya maana. Tume ikatoa tuzo kwamba maalim alipwe mishahara yake yote saba pamoja na fidia ya kuachishwa kazi kinyume cha taratibu. Zikapita wiki nyingi hatukumpa hata senti.

Ijumaa moja baada ya swala ya Alasiri maalim akasimama msikitini. Hakutukana mtu. Alisema, “Ndugu zangu, Tume imeamua nilipwe, na tuzo ninayo hapa mkononi. Naomba mnisaidie kuwakumbusha wakubwa wa shule. Watoto wangu hawana ada wala chakula.” Kisha akakaa.

Usiku ule ule bodi ikaitwa kikao cha dharura. Hakuna aliyeuliza tutamlipa lini. Mmoja alisema, “Huyu ametudhalilisha mbele ya jamaa.” Mwingine, ambaye husifika kwa kuzijua korido za mahakama, akasema, “Hilo ni kosa la kudharau mahakama. Sisi tunaandaa maombi ya marejeo Mahakama Kuu, yeye anakwenda kulitangaza shauri msikitini. Aandikiwe barua, aambiwe akirudia tutampeleka ndani.” Tukaulizwa wanaokubali wanyooshe mikono. Nami nikanyoosha mkono wangu.

Nilipofika nyumbani nikamsimulia mama watoto. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza swali moja tu, “Kwani mmeshamlipa?” Sikuwa na jibu, na tangu usiku ule nimekuwa nikijiuliza ni nani hasa aliyeidharau mahakama.

Ndugu yangu, tuanze na sheria, kwa sababu neno hili “kudharau mahakama” limekuwa fimbo mitaani kwetu. Mwajiri akidaiwa, hulitumia kumtisha mdai. Mfanyakazi asiyejua sheria akilisikia hukimbia, kwa kuwa anaona tayari yuko Keko au Ukonga.

Kosa hili lipo kweli katika sheria zetu. Kanuni ya Adhabu, katika kifungu cha 114, inaeleza mambo yanayohesabiwa kuwa ni kuidharau mahakama, kama vile kuonyesha utovu wa heshima mbele ya shauri linaloendelea au kukataa kutoa ushahidi unapoitwa kihalali. Aidha, mtu akipewa amri halali na mahakama akaikaidi kwa makusudi, anaweza kushitakiwa. Makusudio ya sheria hii ni kulinda haki ya watu wawili waliokubali kuacha ngumi na mapanga wakaenda kuamuliwa. Haikuwekwa ili kulinda sura ya mwajiri.

Sasa tumpime maalim wetu. Hakuvuruga shauri wala hakumtukana mwamuzi, na hakukaidi amri yoyote. Alisema tu kuwa tuzo imetoka na hajalipwa, na hayo ni kweli. Na sisi tujipime. Tuliitwa hatukwenda. Tuliamriwa tulipe hatukulipa. Kisha tukakaa chini ya taa ya umeme tukamhukumu yeye kwa dharau.

Mwanasheria mmoja tunayeswali naye, nilipomwendea kwa faragha, alinifafanulia jambo ambalo wengi wetu hatulijui. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Namba 6 ya mwaka 2004, inasema tuzo ya Tume hukaziwa Mahakama Kuu, Kitengo cha Kazi, kama vile hukumu ya mahakama. Mwajiri asiyeridhika anayo nafasi ya kuomba marejeo ndani ya wiki sita. Lakini kuomba marejeo peke yake hakusimamishi malipo. Utekelezaji husimama pale Mahakama inapoamua usimame. Kwa hiyo yule anayesema “tuko mahakamani, hatulipi” huku hana amri yoyote ya kusimamisha malipo, anajifariji kwa maneno matupu.

Akaniambia pia kuwa mfanyakazi mwenye tuzo ya fedha kwa kawaida hahitaji kukimbilia madai ya dharau. Njia yake ni kuomba kukaziwa hukumu. Mahakama inaweza kuamuru akaunti ya mdaiwa ishikwe, dalali wa mahakama akamate mali, au mdaiwa aitwe aeleze kwa nini asiwekwe gerezani kama mfungwa wa madai. Madai ya dharau huja zaidi pale mahakama inapomwamuru mtu atende jambo au aache jambo, naye akakaidi. Nimeyaandika haya kwa makusudi, ili ndugu yangu wa Tandika, Mbagala, Manzese au Tandale mwenye karatasi yake kabatini ajue kuwa karatasi ile ina meno.

Lakini meno yale hayamng'ati kila mtu kwa kasi moja, na hapa ndipo penye msiba. Tukumbuke mwaka 2012.

Mwaka ule madaktari wa nchi hii waligoma zaidi ya mara moja. Mgomo wa kwanza ulikuwa kati ya Januari na Februari, na mwingine ukaanza Juni 23. Walidai mishahara bora, posho, nyumba na vifaa vya kutibia. Kwa daktari anayeanza kazi walitaka mshahara wa shilingi milioni 3.5 kwa mwezi. Serikali ikaenda Mahakama Kuu, Kitengo cha Kazi, na mwezi ule ule wa Juni mahakama ikaamuru mgomo usimame. Mgomo haukusimama mara moja. Usiku wa Juni 26, Dk. Steven Ulimboka, aliyekuwa kiongozi wa Jumuiya ya Madaktari, akatekwa, akapigwa na kuumizwa vibaya, akatupwa katika msitu wa Mabwepande huko Kinondoni. Mwezi Julai, Rais wa Chama cha Madaktari Tanzania, Dk. Namala Mkopi, akafikishwa Mahakama ya Hakimu Mkazi Kisutu akishitakiwa kwa kukaidi amri ya mahakama na kuchochea mgomo. Kushitakiwa si kupatikana na hatia, na mimi simhukumu.

Siku chache baadaye ikafika zamu ya walimu. Chama cha Walimu Tanzania kiliitisha mgomo ulioanza Julai 30, 2012, wakidai pamoja na mambo mengine nyongeza ya mshahara ya asilimia 100. Agosti 2 Mahakama Kuu, Kitengo cha Kazi, ikatamka kuwa mgomo ule haukuwa halali na kuamuru walimu warudi kazini. Viongozi wa chama wakatii, wakawatangazia walimu warudi. Tangu mgomo kuanza mpaka amri kutoka zilipita siku nne tu ukihesabu na ya kwanza.

Ndugu msomaji, sitaki unielewe vibaya. Sisemi mahakama ilikosea kuwazuia madaktari. Sheria yetu inaziweka huduma za afya katika orodha ya huduma muhimu, ambazo wafanyakazi wake wamewekewa zuio la kugoma, na mgogoro wao unatakiwa upelekwe kwenye uamuzi. Dini yetu nayo inatukuza uhai. Katika Suratul Maidah, aya ya 32, Allah (s.w.) ametufundisha kuwa kuuokoa uhai wa mtu mmoja ni kama kuwaokoa watu wote. Wakati ule hospitali ya Muhimbili ilizorota, na watu wa Temeke na Mwananyamala walionja machungu hayo. Mgonjwa maskini aliyebebwa kwenye bajaji usiku hakuwa na ugomvi na daktari wala na Waziri. Alikuwa hana kosa, lakini ndiye aliyelipa.

Ninachosema ni hiki. Tuliona jinsi amri ya mahakama inavyoweza kutoka haraka na kufuatiliwa haraka pale anayeombewa amri ni mfanyakazi. Kwa upande wa aliyetupwa Mabwepande, mpaka leo umma haujapata jibu la kuridhisha kuhusu nani aliyetenda unyama ule. Na je, kasi ile ile tumeiona pale anayedaiwa anapokuwa ni mkubwa?

Waulizeni wazee wa Jumuiya ya Afrika Mashariki. Jumuiya ile ya zamani ilivunjika mwaka 1977. Wakati huo walikuwa vijana wa reli, posta, bandari na ndege. Mwaka 1984 nchi tatu zikakubaliana kugawana mali na madeni. Wazee wakasubiri malipo yao, wakasubiri sana, mpaka mwaka 2003 wakafungua kesi Mahakama Kuu hapa Dar es Salaam. Walikuwa zaidi ya 31,000. Mwaka 2005 ukasainiwa mkataba wa makubaliano mbele ya mahakama. Hesabu mwenyewe, kutoka 1977 mpaka 2005 ni miaka 28. Na hata baada ya hapo ugomvi haukwisha. Serikali ilisema imeshalipa yaliyokubaliwa, wazee wengi wakasema bado. Tuliwaona wakikusanyika mjini na fimbo zao za kutembelea, wakizuia barabara, wakitawanywa na polisi. Wengi wamekwisha kuzikwa Kinondoni na kwingineko wakiwa bado wanadai. Sitaamua hapa nani alikuwa sahihi katika hesabu. Lakini mzee anayedai haki ya ujana wake mpaka anaingia kaburini ni aibu ya taifa zima.

Katiba yetu, Ibara ya 107A, inaziagiza mahakama zitende haki kwa wote bila kujali hali ya mtu kijamii au kiuchumi, na zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Maneno yako pale. Wa kuyatekeleza ndio wa kuulizwa.

Sasa turudi kwenye dini yetu, maana jambo hili si geni katika Uislamu.

Imepokewa katika Bukhari na Muslim kisa cha mwanamke wa ukoo wa Makhzum, ukoo mkubwa wa Makka, aliyepatikana na hatia ya wizi. Jamaa zake wakaona aibu, wakamtuma Usama bin Zayd (r.a.), kipenzi cha Mtume (s.a.w.), akamwombee. Mtume (s.a.w.) akakasirika. Akasimama akawahutubia watu, akawafahamisha kuwa walioangamia kabla yetu waliangamizwa na tabia hii, kwamba mwenye cheo akiiba walimwacha, na mnyonge akiiba walimsimamishia adhabu. Akaapa kuwa hata kama angekuwa binti yake Fatma angemsimamishia hukumu ile ile.

Zingatia, ndugu yangu. Watu wale walikuwa na sheria na walikuwa wanaitumia. Kilichowaangamiza ni kuitumia kwa mnyonge tu. Leo tukiwa na amri ya mahakama inayomwendea mfanyakazi mbio na kumwendea mwajiri kwa mwendo wa kobe, tusijione tuko salama kwa sababu tu tuna majengo ya mahakama.

Na Sayyidna Umar bin Khattab (r.a.), katika waraka wake mashuhuri kwa Abu Musa al-Ash'ari (r.a.) kuhusu kazi ya ukadhi, wanazuoni wamesimulia kuwa alimkumbusha kwamba haki ikitamkwa bila kutekelezwa haina faida. Hapo utaona kuwa tuzo isiyolipwa si jambo jipya. Umar (r.a.) alilijua kabla ya Tume yetu kuanza kazi mwaka 2007 kwa karne nyingi.

Ama kuhusu ujira wenyewe, Mtume (s.a.w.) ametuamrisha tumpe mfanyakazi malipo yake kabla jasho lake halijakauka. Na katika Hadith Qudsi iliyopokewa na Bukhari, Allah (s.w.) amewataja watu watatu ambao Yeye Mwenyewe atakuwa mgomvi wao Siku ya Kiyama. Mmoja wao ni aliyemwajiri mtu, akapata kazi yake kamili, kisha asimpe ujira wake. Fikiri, ndugu yangu. Katika mahakama za dunia unaweza kumweka wakili hodari, ukaomba tarehe nyingine, ukabadili jina la kampuni, ukahamisha fedha benki. Siku ile mgomvi wako ni yule yule Hakimu. Utamwekea pingamizi gani?

Kuna na Hadith nyingine, iliyopokewa kutoka kwa Mama Ummu Salama (r.a.), ambayo ilipaswa kubandikwa kwenye mlango wa kila mahakama. Mtume (s.a.w.) aliwaambia waliomjia na ugomvi kuwa yeye ni binadamu, na huenda mmoja wao akawa fasaha zaidi wa kutoa hoja, naye akahukumu kwa anavyosikia. Akawaonya kuwa atakayekatiwa haki ya nduguye asiichukue, kwani atakuwa amekatiwa kipande cha moto. Kama hukumu ya Mtume (s.a.w.) haiigeuzi haramu kuwa halali kwa anayejua kuwa si haki yake, je, marejeo yetu ya Mahakama Kuu yatatusafisha? Tukishinda kwa sababu maalim alikosea kujaza fomu, mishahara ile saba itabaki kuwa jasho lake. Allah (s.w.) ametukataza katika Suratul Baqarah, aya ya 188, tusiliane mali zetu kwa batili na kuzipeleka kwa mahakimu ili tule sehemu ya mali za watu kwa dhambi hali ya kuwa tunajua.

Kipande hicho cha moto kinawahusu na wafanyakazi pia, na nisiposema hivyo nitakuwa nimefanya upendeleo. Wapo wanaoiba vifaa vya kazi wakisema “najilipa mwenyewe”. Wapo walioacha kazi wenyewe, kisha wakadai wamefukuzwa. Wapo wanaoleta mashahidi wa kununua kwa soda na nauli. Wapo pia wanaoamriwa na mahakama warudishe mali ya ofisi wakazima simu. Huyo naye amekaidi amri, na unyonge wake haumhalalishii. Suratun Nisaa, aya ya 135, imetutaka tusimamie uadilifu hata ikiwa ni dhidi ya nafsi zetu, wazazi au jamaa, awe mtu ni tajiri au fukara. Fukara ametajwa kwa makusudi. Hatumwonei kwa ufukara wake, wala hatumpi haki isiyo yake kwa kumhurumia.

Nasema pia kwa waajiri wa Kiislamu, wenye maduka, magari, viwanda vidogo, shule na zahanati. Yupo mwajiri aliyeishiwa kweli. Huyo dini haikumwacha. Suratul Baqarah, aya ya 280, inamwelekeza mdai ampe muda mdaiwa aliye katika dhiki. Lakini muda unaombwa, haunyang'anywi. Nenda kwa uliyemkosesha, mwonyeshe hesabu, mwombe mlipane kwa awamu, andikianeni mbele ya mashahidi, mkalisajili suluhu lenu panapohusika. Ama aliye nacho akachelewesha, Mtume (s.a.w.) ameshasema kuwa kuchelewesha huko ni dhulma. Sisi bodi tulikuwa tumeishiwa? Mwezi ule ule tulipomnyima maalim, tulipaka rangi upya ukuta wa mbele wa shule na kuandika jina letu kwa herufi kubwa.

Na kuna udhuru mmoja wa hatari zaidi, nao ndio uliotudanganya sisi. Tunasema kuwa kazi ya dini ni ya kujitolea, kwa hiyo anayedai mshahara ana imani dhaifu. Subhanallah! Kama tulitaka ajitolee tungemwambia hivyo siku ya kwanza. Tulimwandikia mkataba. Suratul Maidah inafunguliwa kwa amri ya kutimiza mikataba. Hatuwezi kumfundisha mtoto aya hiyo asubuhi, na mchana tukaivunja kwa anayemfundisha.

Tunakumbuka kisa cha watu watatu waliofungiwa pangoni na jabali, kila mmoja akamwomba Allah (s.w.) kwa amali yake njema. Mmoja wao alikuwa mwajiri. Mfanyakazi wake aliondoka bila kuchukua ujira, naye hakuula. Aliuzalisha mpaka ukawa mali nyingi ya mifugo, na mwenyewe aliporudi baada ya muda mrefu akamkabidhi yote. Jabali likasogea kwa amali hiyo. Tazama, hakuna hakimu aliyemwamuru wala dalali aliyebisha hodi. Alimcha Mola wake. Sisi tumeamriwa kwa maandishi yenye muhuri na bado tunatafuta upenyo. Siku jabali likitufunika tutaomba kwa amali ipi?

Wiki iliyofuata nilikwenda nyumbani kwa maalim, Mbagala. Nilimkuta anasahihisha madaftari ya watoto wa jirani anaowafundisha kwa shilingi mia tano. Nilimwambia, “Maalim, nami nilinyoosha mkono. Nimekuja kukuomba msamaha.” Akanyamaza kidogo, akasema, “Sheikh, mimi nimekusamehe wewe. Lakini ile haki si yangu peke yangu, ina mama na watoto ndani yake. Mnilipe.” Hakuongeza neno. Akaniletea chai, nikainywa kwa taabu.

Kikao kilichofuata niliomba suala lirudishwe mezani. Palizuka mabishano. Niliambiwa nimegeuka, nimenunuliwa, nimepandikizwa. Mwishowe tulikubaliana mambo mawili. Barua ile ya vitisho ifutwe, na maalim alipwe mishahara ya miezi miwili mara moja. Amelipwa, alhamdulillah. Miezi mitano na fidia bado. Wapo wenzangu wanaong'ang'ania marejeo, na mpaka naandika haya hatujafikia muafaka. Mimi nimewaeleza kuwa sitatia saini karatasi yoyote ya kuomba deni hilo lifutwe, na kwamba mchango wangu wa ujenzi wa mwaka huu utakwenda kwenye deni la maalim kabla ya kwenda kwenye tofali. Nimewaomba nao wafanye hivyo. Sioni ujenzi gani wa nyumba ya elimu utakaokuwa na baraka ikiwa msingi wake umechanganywa na jasho la mtu.

Nimeandika haya nikijua wenzangu watayasoma. Wakiona nimewavunjia heshima, naomba wanisamehe. Nimeona ni afadhali wanilaumu wao leo kuliko maalim anishike shingo kesho mbele ya Allah (s.w.).

Nawe ndugu yangu unayesoma, huenda nyumbani kwako yupo binti wa kazi ambaye hujamlipa tangu mfungo sita, au dereva, au mlinzi, au fundi aliyekuezekea bati. Usisubiri aende Tume. Usisubiri hukumu ikaziwe. Na kama ni wewe unayedai, usiogope neno “dharau” linalotamkwa na anayekudhulumu. Fuata taratibu, heshimu mahakama, tunza karatasi zako, wala usivuke ukweli. Ukiachishwa kazi, kumbuka kuwa siku ulizonazo za kufikisha mgogoro kwenye Tume ni 30. Usizimalize kwa kubembeleza peke yake.

Ewe Mola wetu, tujaalie tuwe wepesi wa kulipa na wakweli katika kudai. Waongoze mahakimu na waamuzi wetu watoe haki kwa wakati. Warehemu wazee waliokufa wakisubiri haki zao, na wape warithi wao faraja. Na utusamehe sisi tulionyoosha mikono yetu pasipostahili.

Wabillahi tawfiq.